Jani Moja la Mchwa

Ngiri alitaka nyumba, lakini kuchimba aliona ni kazi ya wanyonge. Akamwendea Mhanga, mla mchwa, fundi wa mashimo.

"Chukua shimo hili, bwana," Mhanga akamwambia. "Utaniletea mchwa wa kujaza jani moja kama hili kila asubuhi, mpaka wanao wote waoe."

Ngiri alilitazama jani. Lilikuwa dogo. Akahamia siku hiyohiyo, wala hakuuliza asubuhi zitakuwa ngapi.

Mchwa hawaokotwi njiani. Kila kulipokucha Ngiri alifukua kichuguu kwa meno yake, akajaza jani, akapeleka. Mchwa wakiisha, alihamia kichuguu kingine.

Mwanawe wa mwisho alipooa, Ngiri alipeleka jani la mwisho, meno yamechakaa. Njiani aliona kila kichuguu alichokifukua kina familia ya ngiri ndani, na mlangoni jani la mchwa.

"Mzee Mhanga, mashimo yale si nimechimba mimi?"

"Tena umechimba vizuri," Mhanga akasema huku akitafuna. "Kila mnunuzi ananiuliza fundi ni nani. Nawaambia ni bwana mmoja aliyenunua nyumba kwangu kwa sababu hapendi kuchimba."