Pua ya Forodha

Tangazo la tatu lilikuwa limebandikwa kwa pini nne, moja kila pembe, na safari hii lilikuwa na saa.

"JUMATATU, SAA TATU NA ROBO ASUBUHI: BANGI. JUMATANO, SAA KUMI ALASIRI: BANGI. IJUMAA, SAA TATU NA ROBO ASUBUHI: BANGI TENA."

Chini yake ilikuwapo sahihi ya Bwana Küppers wa ghorofa ya kwanza, afisa forodha kwa miaka thelathini na minne, sasa mstaafu asiyejua kustaafu.

Svenja Pütz wa ghorofa ya tatu alilisoma akiwa na begi mgongoni na usingizi machoni. Hakuwa na haja ya kuuliza lilimhusu nani. Tangu alipoanguka akifunga taa za jukwaani, maumivu ya mgongo hayakumpa amani mpaka daktari alipomwandikia bangi ya tiba. Ilimfikia kwa posta kutoka duka la dawa, kwenye kichupa chenye jina lake, naye aliivuta kwa kifaa kidogo cha mvuke. Sharti lilikuwa moja: aitumie baada ya kazi tu, kamwe si kabla ya kupanda juu kwenye taa. Na kwa kuwa kazi ya maigizo haina saa, leo inaisha adhuhuri, kesho alfajiri, kila dozi aliiandika kwenye kidaftari.

Kazi haikumtia hofu. Hofu ilikuwa nyumba. Mkataba wake uliisha mwezi huo, na kupata chumba kingine hapa Köln ni kama kutafuta maegesho siku ya sherehe za kanivali.

Jumamosi, msimamizi wa jengo, Bi. Aydın, aliitisha kikao jikoni kwa akina Küppers. Bibi Küppers alikuwa ameoka keki ya plamu. Alikaa pembeni akifuma soksi, vidole vikienda mbio, vidole vile vile ambavyo majira ya baridi vilikuwa vimekakamaa hata kikombe kikawa kinamshinda.

"Hedwig wangu kapona," Bwana Küppers alisema kwa fahari. "Ni hewa safi hiyo. Pale mtu asipoichafua." Akamkazia macho Svenja.

"Nina cheti cha daktari, Bwana Küppers."

"Hata uwe na cheti cha Papa wa Roma! Ndani ya nyumba yangu kitu hicho hakiingii hata akikileta daktari mwenyewe. Kila nikirudi na mikate, nikifika tu ghorofa ya kwanza, inanipiga puani. Nikitoka bustanini, vile vile. Bandarini nilikuwa nainusa ndani ya makopo ya kahawa, itanishinda hapa? Harufu yake nzito, Bi. Aydın. Inashuka."

"Mimi natumia dirishani, mlango nimeufunga..."

"Vifurushi viwili kila mwezi! Viwili! Na Hedwig ndiye anakupokelea, wewe umelala mchana kama popo."

"Viwili?" Svenja aliuliza.

"Kula keki, mwanangu," Bibi Küppers alisema, akimjazia sahani.

Bi. Aydın aliweka kikombe chini. "Dawa ni halali, hilo halina mjadala. Lakini harufu ngazini isipokoma, mwenye jengo hataki kusikia habari za mkataba mpya. Nakwambia ukweli, Svenja."

Svenja alifungua kidaftari chini ya meza. Jumatatu, saa tatu na robo: alikuwa juu ya jukwaa tangu saa mbili. Jumatano, saa kumi: mazoezi. Ijumaa asubuhi: jukwaani tena. Hakukuwa na dozi hata moja kwenye saa zile.

"Jamani, hizi saa..." akaanza.

"Basi!" Bibi Küppers alibwaga soksi mezani. Hakuna aliyewahi kumsikia akipaza sauti, hata mumewe. "Nimechoka na matangazo. Nitamkagua mimi mwenyewe. Nitakuwa napanda kwake, nihakikishe mlango umefungwa na dirisha liko wazi. Harufu ikisikika tena ngazini, nilaumiwe mimi."

"Unamdhamini, Bibi Küppers?" Bi. Aydın aliuliza.

"Kwa jina langu."

Bwana Küppers alimtazama mkewe kwa mapenzi mapya. "Miaka thelathini na minne nilitafuta msaidizi wa namna hii, kumbe yuko jikoni!"

Bi. Aydın alitoa mkataba mkobani. Svenja alitia sahihi kwa kasi hata kalamu ikakwaruza karatasi, kisha akakirudisha kidaftari mfukoni. Nyumba ameipata, saa alizokosea mzee zilikuwa shida ya mzee. Alifurahi mno, akaomba kipande cha tatu.

Jumatatu, safari hii Svenja akiwa na mapumziko, mlango uligongwa saa tatu kamili. Bibi Küppers aliingia akihema. Alizungusha ufunguo mara mbili, akatikisa kitasa kuhakikisha, akakagua dirisha kwa makini, kisha akavuta kiti na kuketi karibu nalo.

"Kumbe mkali kweli!" Svenja alicheka. "Mimi mwenyewe leo hata sijafikiria kuitumia."

Bibi Küppers alitia mkono kwenye mfuko wa aproni. Akatoa kifaa kidogo cha mvuke, na kichupa cha duka lile lile la dawa, chenye kibandiko kilichoandikwa Hedwig Küppers.

"Fungua dirisha, mwanangu," alisema. "Mzee na mikate yake wanarudi saa tatu na robo."