Siku ya Kwanza ya Mwezi wa Ndagala

Kwa hesabu ya Concilie, ilikuwa siku ya kwanza ya Mwezi wa Ndagala, mwaka wa pili wa malkia. Aliketi kwenye kiti cha plastiki mbele ya kioski karibu na daraja, mkononi Fanta asiyoinywa, akimngoja mwanamke asiyemjua. Ilikuwa saa kumi kasoro robo.

Ofisini alikuwa ameaga kwamba anaumwa jino. Adija, ambaye meza yake imepakana na yake, hakuamini, akamfuata.

"Jino gani linatibiwa kwenye daraja?" Adija aliuliza, akivuta kiti. "Sema, Mama Aya."

Concilie hakujua kuzunguka. "Sultani iko na mwanamuke. Ameandika yote mu daftari."

Mumewe, Sultani, alikuwa mwalimu wa hesabu, mzaliwa wa Buyenzi, mtaa wa Waswahili, na kwa muda mrefu sasa alikuwa akiandika hadithi ya nchi isiyokuwepo. Nchi yake iliitwa Ramba. Ilikuwa na ramani, mfalme, malkia, na kalenda yake yenyewe: miezi minane, kila mmoja wiki sita. Mwezi wa Mpunga, Mwezi wa Mafuriko, Mwezi wa Ndagala, yaani dagaa. Wiki yao ilikuwa ya siku saba kama yetu, ila siku hazikuwa na majina. Zilihesabiwa tu, ya kwanza mpaka ya saba. Na miaka ilihesabiwa tangu malkia alipovuka mto mara ya kwanza.

Mwanzoni Concilie alicheka. Mwanamume mzima, ana mvi kidevuni, anatengeneza miezi.

Kisha Jumamosi moja alirudi kutoka kwaya akakuta daftari limeachwa wazi mezani. Akasoma akiwa bado amebeba mkoba. Ramani ya Ramba ilikuwa ramani ya Cibitoke, mtaa wao. Ikulu ilisimama pale iliposimama nyumba yao, na daraja lilikuwa limevunjika ukingo wa kushoto, kama hili. Chini yake, ukurasa baada ya ukurasa, maneno yaleyale kwa wino mwekundu:

Siku ya kwanza, saa kumi. Malkia amevuka. Mfalme anangoja.

"Ukamuuliza?" Adija alisema.

"Nilimuuliza. Baba Aya, huyu malkia ni nani? Akasema, malkia ni malkia. Nikasema, ni muzuri? Akasema, sana." Concilie alisonya. "Sana. Miaka kumi na moja niko mu nyumba yake, sijasikia sana."

Neno hilo ndilo lililomnyima usingizi. Angemsamehe mwanamke wa njiani. Huyu alikuwa ameandikiwa nchi nzima, na mwaka wa nchi hiyo ulianza na yeye. Concilie alitaka kumwona uso tu, ajue ni nani anayemnyang'anya mume. Baada ya hapo angeona kama atampiga au atafungasha.

"Iko namna gani, huyo mwanamuke?" Adija aliuliza.

"Ameandika anatembea kama mutu amechelewa. Na nyuma ya shingo iko na alama, ndogo, kama punje ya mchele."

Adija aligeuka taratibu. "Ndiyo sababu ya kunivuta kitambaa cha kichwa wiki ile?"

"Nilikuwa naangalia."

"Ukaona nini?"

"Shingo chafu."

Adija alicheka mpaka mwenye kioski akachungulia. Concilie hakucheka. Wiki nzima alikuwa akikagua shingo: ya Wafa anayeuza vitenge, ya mwalimu wa Aya, hata ya mke wa mchungaji. Hakuna kitu. Usiku alimtazama mumewe aliyelala na kumchukia kwa jinsi alivyolala vizuri.

Siku na saa zilikuwa zimemkaa sawa kabisa. Jumatatu saa kumi yeye yuko ofisini, Aya yuko shuleni, na Sultani hana vipindi vya jioni. Nyumba tupu. Mpango safi.

Saa kumi kamili Sultani alipita na baiskeli, madaftari ya wanafunzi yamefungwa nyuma. Wanawake wawili walijificha upande wa friji. Alikata kona, akaingia nyumbani peke yake.

Wakangoja. Alivuka mama mmoja kutoka Buterere na beseni la mchele kichwani. Walivuka watawa wawili wakizungumza. Hakuna aliyekuwa na haraka. Ikafika saa kumi na nusu.

"Hajakuja," Concilie alisema, na ungedhani ni yeye aliyeahidiwa.

Adija alikuwa akisugua kifuniko cha soda kwa kidole. "Leo ni siku ya ngapi huko Ramba?"

"Ya kwanza. Ku wa mbere. Jumatatu. Hata mutoto anajua."

"Kuita Jumatatu siku ya kwanza, ku wa mbere, ni Kirundi, Mama Aya. Bwana yako ni mutu ya Buyenzi, siku anahesabu na Kiswahili." Adija aliinua vidole. "Jumamosi, mosi. Jumapili, pili. Leo Jumatatu, tatu. Siku ya kwanza yake ni Jumamosi."

Concilie naye alihesabu kwa vidole vyake. Alirudia mara mbili.

"Basi Jumamosi," Adija alisema, akisimama na kukung'uta pagne yake ya kitenge. "Saa kumi tunakaa hapa hapa, mi na we. Huyo malkia atavuka mbele ya macho yako, utamuona mupaka kucha."

"Jumamosi apana."

"Kwa nini apana? Si unamutaka?"

Concilie alitazama daraja. Jumamosi saa kumi, kama kila Jumamosi kwa karibu miaka miwili, yeye mwenyewe angekuwa akilivuka mbiombio, nyumbani ameaga kwamba anaenda kwaya, na Darius angekuwa ng'ambo ya mto, kule Mutanga Nord, amemwachia mlango wa nyuma wazi.