Konokono na Kengele ya Saa Kumi

Paliondokea shule ya kutwa katikati ya jiji la wanyama, shule ya kulipia, ya kuwaandaa wanafunzi kwa mtihani wa kuingia chuo kikuu. Konokono aliitamani mno. Alitambaa siku tatu mpaka akafika getini.

Mwalimu Mkuu, Korongo, alimtazama kwa dharau. "Hapa si bweni, binti. Kengele ya saa kumi ikilia, kila mtu kwao. Ya asubuhi ikilia, kila mtu darasani. Ukikosea mara moja tu, mtihani hufanyi. Utaweza?"

"Nitaweza, Mwalimu."

Swala, mwanafunzi mwenye mbio kuliko wote, alicheka hadi mbavu zikamuuma.

Saa kumi kengele ikalia. Swala akachomoka. Konokono akajivuta ndani ya gamba lake, palepale kwenye dawati.

"Mbona huendi kwenu?" Korongo akafoka.

"Nimeshafika, Mwalimu. Karibu."

Kesho yake asubuhi kengele ilipolia, Swala, na mbio zake zote, alikuwa amekwama kwenye foleni ya magari. Konokono alitoa kichwa mlangoni kwake, akafungua daftari.

"Shikamoo, Mwalimu."

Korongo akamwekea alama ya kuhudhuria.

"Marahaba," akajibu.