Mbwa wa Mama Mbithi

Komando aliruka tena, mnyororo ukamvuta, na wageni wote wakarudi nyuma na vikombe vyao vya chai. Ilikuwa chai ya kunywea nje ya geti. Tangu kikundi kianze kuja hapo Kisaju, hakuna aliyewahi kuinywa akiwa amekaa kitini.

"Poleni jameni," Mama Mbithi akasema, amemshika mbwa shingoni. "Sijui huyu nitamfanya nini."

Walimwambia asijali. Wote walikuwa na mbwa wa kuaibisha, ndiyo maana walikuwa pale. Kikundi kilianzishwa na Ajwang, mama anayefundisha mbwa kule Kitengela, alipochoka kusikia watu wakishauriwa watafute sumu. Kila Jumamosi walienda kwa mwenzao mmoja, wakapita nje ya geti kama wageni, wakimtupia mbwa vipande vya matumbo mpaka azoee kwamba mgeni si adui. Siku wakiingia, wakae, wanywe chai na mbwa anyamaze, hapo wamemaliza. Wanahamia kwa mwingine.

Kwa mwenzao Mulwa walimaliza haraka, ingawa mbwa wake alikuwa amemuuma muuza maji. Kwa Mama Mbithi, wapi. Mvua ilikuja ikaisha, wao bado wako getini.

Watoto wake walikuwa ng'ambo, wanapiga simu Krismasi. Mumewe alishazikwa. Siku nyingine mama huyu alikuwa anajibizana na redio, na upweke ulimuuma kweli kweli. Lakini Jumamosi aliamka mapema akakanda mandazi ya kikundi kizima, akiimba jikoni.

Kitu kimoja kilimsumbua Ajwang. Mama Mbithi akiingia ndani kuleta sukari, Komando alikula mkononi mwa Mulwa kupitia geti, kimya kabisa. Akirudi na kumshika mnyororo, ni vita.

"Labda anaona anakulinda," Ajwang akamwambia. "Lakini Mama Mbithi, kuna mzee kule Bisil anatungoja sana. Majirani wanataka kumuulia mbwa. Jumamosi ijayo huyu akinyamaza, tutahamia huko. Akikataa, basi, hatuwezi kukuacha hivi. Tutaendelea na wewe."

Mama Mbithi aliinamisha kichwa. Alimhurumia huyo mzee, akasema hivyo, na akaahidi kumfanyisha Komando mazoezi wiki nzima. Wakamuombea kabla ya kuondoka. Alisimama barabarani akiwapungia mkono mpaka gari likapotea kwenye vumbi.

Ijumaa jioni alitoka nje, akafunga geti, akaligonga kama mgeni. Komando alikuja mbio, akalala chali akitikisa mkia.

Akagonga tena. Akalipiga geti teke, mara nyingi, mpaka mbwa akashtuka na kubweka.

"Hapo sawa," Mama Mbithi akasema, na kumpitishia kipande cha ini chini ya geti.