Saa Moja na Ngwali

Siku eda yangu ilipokwisha nilijifukiza udi kama bibi harusi, nikaenda Hifadhi ya Nyakati kumwona marehemu mume wangu, Ngwali. Kila anayekufa huhifadhiwa saa moja ya uhai wake, na mjane huingia humo mara moja tu. Saa ikiisha, mlango hufunguka wenyewe. Enzi za uhai wake Ngwali ndiye aliyekuwa mtunzaji pale, akiwakatia watu saa zao. Yetu sisi aliikata kwa mkono wake.

"Bi Mwanakombo, unanukia!" msichana wa mlangoni akanitania. "Usije ukagoma kutoka!"

Alhamdulillahi, nilimkuta barazani kwetu, mchana, anamenya chungwa. Tukacheka, tukawasema majirani, Mungu atusamehe. Nikachemsha chai, tukanywa, nikachemsha tena. Sikio nimelitega kwenye adhana ya alasiri, maana ndipo saa yetu ingeishia.

"Mume wangu, mbona hawaadhini? Nisije nikakosa swala."

"Haijaingia," akasema, akinisogezea kikombe. "Nilipoikata saa yetu, adhana niliiacha nje. Wewe kunywa chai, mke wangu."

Nikatazama kivuli cha nguzo. Kilikuwa palepale nilipokikuta.