Mpe Zote

Tingatinga aliufungua mlango wa zahanati kwa teke. Mikono yake haikuwa na nafasi: ilikuwa imeshika mapaja ya mdogo wake, aliyembeba mgongoni kama mtoto. Mtoto mwenyewe alikuwa na ndevu. Povu lilimtoka mdomoni, na ovaroli yake ilikuwa imelowa chapachapa.

"Msaidieni! Huyu anakufa!"

Kutoka kwenye mabanda ya nyanya hadi pale hata pikipiki hupumzika njiani. Yeye alikuja mbio bila kumtua. Ndiyo maana watu walimwita Tingatinga.

Tabibu na nesi walimpokea kijana, wakamlaza. Nesi akavaa glavu, akaichana ovaroli kwa mkasi, akaitia kwenye mfuko wa nailoni na kuufunga. Akaanza kumwosha kwa sabuni. Tabibu akamfunua jicho, akalimulika kwa tochi. Mboni ilikuwa imesinyaa, imebaki kama ncha ya sindano.

"Amepulizia dawa ya wadudu," alisema. Hakuwa anauliza.

"Tangu asubuhi. Bomba lake linavuja mgongoni. Tulilifunga kwa kipande cha mpira, tukaona limekubali."

"Limekubali!" Nesi alisonya. "Haya, kaka, toka hapa. Kaoge kule nje, unanuka."

"Acha ninuke. Siondoki."

Misuli ya kijana ilikuwa ikichezacheza chini ya ngozi, kama kuna wadudu wanatafuta pa kutokea. Kifua kilikoroma.

"Ana nini? Niambie taratibu, mimi shule sikumaliza."

Tabibu alivunja kichupa cha kwanza, akavuta dawa kwenye sindano. Alisema bila kugeuka.

"Mishipa ya fahamu haigusani na viungo. Katikati kuna upenyo mdogo sana. Mshipa ukitaka kutuma amri, unamwaga kemikali hapo. Kiungo kinaipokea, kinafanya kazi. Halafu anakuja mfagiaji, anaifagia ile kemikali, kazi inasimama. Umenipata?"

"Nimekupata."

"Hii sumu imemfunga mfagiaji mikono. Kemikali imejaa pale pale, amri haiishi. Toa mate, toa machozi, toa jasho, bana kifua. Mwili unatii mpaka unazama kwenye maji yake wenyewe."

"Sasa hiyo sindano?"

"Inauziba mwili masikio, usizisikie hizo amri."

Akachoma. Akasubiri, akasikiliza kifua, akatikisa kichwa, akachoma tena.

Tingatinga alikaa kwenye benchi ukutani. Machozi yalimtoka bila kumwomba ruhusa. Hakulia hata siku walipomzika mama yao, siku aliyoachiwa huyu mdogo akiwa bado anakojoa kitandani. Leo yalimtiririka mpaka shingoni, na kamasi juu yake. Aliyafuta, yakarudi. Jasho la zile mbio halikukauka hata chini ya feni. Tumbo lilimkata, akakumbuka kwamba hajala. Mdomo ukajaa mate ya hofu. Akayameza. Ukajaa tena.

"Jikaze, kaka," nesi alisema, mikono yake ikiwa bado na povu la sabuni. "Mwanamume mzima."

"Ndiye niliyebaki naye, dada. Sina mwingine."

Kijana alikoroma kwa nguvu, kisha akanyamaza. Midomo ikaanza kubadilika rangi. Nesi akamgeuza ubavu, akamfyonza mate kwa mrija. Pumzi ikarudi, nyembamba.

Tabibu alichungulia kwenye sanduku la dawa. Akavihesabu vichupa.

"Vimebaki vichache. Gari la hospitali linatuletea vingine, lakini daraja limekatika. Linazunguka, litafika jioni. Nikivimaliza hivi, sina kitu. Kuna mwingine aliyepulizia leo?"

"Hakuna. Bomba ni moja, na alilibeba yeye. Mimi nilikuwa nafunga miche kamba."

"Una hakika?"

"Tabibu, unataka kumwekea nani?" Tingatinga alisimama, magoti yakamcheza, akajishika ukutani. "Mpe zote! Usibakize hata tone. Akifa huyu na dawa imo sandukuni, utanieleza nini?"

Tabibu alimtazama mgonjwa kitandani. Akavunja kichupa kingine. Kisha kingine.

Kile cha mwisho kilipoingia, mkoromo ulianza kupungua. Povu likakauka kwenye ndevu. Kifua kikapanda na kushuka vizuri, na nesi akavuta kiti akakaa, kwa mara ya kwanza tangu waingie.

Kijana akafumbua macho.

"Maji," alisema. Ulimi ulikuwa mkavu kama gunzi. Akageuza kichwa, akamwona kaka yake, akamtazama kwa muda. "Kaka, ndiyo unanililia hivyo? Leo tingatinga linavuja."

Tingatinga alicheka. Kicheko kilimkwama kifuani, kikatoka kama mluzi. Alinyoosha mkono amshike mdogo wake, akakosea, akashika chuma cha kitanda.

"Lakini nyie," alisema, "mbona mmezima taa?"

Nesi alitazama dirishani. Jua la mchana lilikuwa limejaa chumba kizima.

Tabibu aliiokota tochi, akamfunua jicho Tingatinga, akalimulika. Kisha akamgeuza, akaipapasa fulana yake mgongoni. Ilikuwa bado imelowa dawa.

"Nesi," alisema polepole, "lete sanduku."

Nesi alikuwa ameshalipindua juu chini, analigongagonga kitako.