Neno la Msalabani

Fundi alikuwa ameshaandika jina la Kalebi kwenye msalaba wa mbao. Lilibaki neno ATAFUFUKA, na wachungaji wawili walikuwa wakilibishania kando ya jeneza.

"Baba Mchungaji, ufufuo ni simulizi," alisema yule kijana, aliyetoka juzi chuo cha theolojia. "Siku hizi kila mtu ana ukweli wake. Tuandike ANAISHI MIOYONI MWETU."

"Ni tukio! Kaburi lilikuwa tupu!" alifoka yule mzee.

"Jamani, mwanangu yuko juani," alisema Mama Kalebi.

"Mama, hebu subiri, hili ni jambo zito," walijibu wote wawili, kwa mara ya kwanza wakikubaliana.

Mama Kalebi akamnyang'anya fundi brashi, akapiga magoti, akaandika ATAFU. Rangi ikakauka kwenye brashi. Akaitemea mate, akaendelea.